Nina Maslahi, Naomba Nitoke

Kaka yangu amekuwa wakili, akawa jaji, na sasa ni mbunge, na katika vyeo vyote vitatu hakuweza kumtoa mama yetu nje ya nyumba. Nasema mapema ili asije mtu akaniambia nina wivu. Wivu sina. Nina hasira, tena za kutosha, na kilichozileta ni geti la chuma lenye kufuli, lililosimama hatua chache tu kutoka mlango wetu wa jikoni.

Nyumbani tunamwita Msomi. Jina alimpa mama kwa utani, siku zile anasoma sheria na anakataa kuosha vyombo kwa hoja. Ndiyo, kwa hoja! Ukimwambia aoshe sufuria anakuuliza nani aliitumia mwisho, na ushahidi uko wapi. Mama alikuwa akicheka hadi anashika mbavu. Sufuria nilikuwa naosha mimi.

Ili unielewe, lazima uione nyumba yenyewe. Imejengwa kwenye mteremko. Mlango wa mbele unatokea kwenye ngazi za mawe, nyembamba, hazina pa kushika, zinashuka moja kwa moja mpaka barabara kubwa. Mlango wa jikoni unatokea kwenye kichochoro kilicho sawa kama meza, kinachopita kando ya kiwanja cha jirani na kuishia mlangoni pa duka langu la ushonaji. Tumekua tukipita hapo. Mama alipita hapo akiwa na mimba ya Msomi, akapita tena akiwa na yangu, na siku zote hizo hakuna aliyewahi kujiuliza kichochoro kile ni cha nani.

Sasa sikiliza. Msomi alipoanza uwakili, kesi iliyompa jina ilikuwa ya kichochoro. Si hiki chetu, cha mtaa mwingine kabisa. Mwenye ghala mmoja alijenga ukuta katikati ya njia waliyokuwa wakipita watu tangu enzi za babu zao. Watu wakaja juu, wakamshtaki, na Msomi akamtetea mwenye ghala. Mama na mimi tulienda kumsikiliza, mama amevaa viatu vipya. Msomi akasimama ndani ya joho lake, akavua miwani, akaivaa tena, akasema kwa ile sauti yake ya kuamsha waliosinzia: "Mheshimiwa, kupita mahali si kupamiliki, hata ukipita miaka mia. Kama njia haimo kwenye ramani, hiyo si njia, ni mazoea."

Akashinda. Mama alipiga makofi mpaka karani wa mahakama akamwomba anyamaze. Tukarudi nyumbani kwa kichochoro chetu, mama mbele na viatu vyake vipya, anamwambia kila tunayekutana naye kwamba mwanawe amesema maneno ambayo hata jaji ameyaandika.

Alipofanywa jaji yeye mwenyewe, hapo ndipo tukakoma. Mtu akawa hawezi tena kujibu swali la kawaida. Unamuuliza kama chakula kimekolea chumvi, anakwambia hawezi kutoa maoni kabla hajasikia upande wa pili. Watoto wake wakigombania kiti, anaahirisha. Mkewe aliniambia siku moja, "Wifi, mimi sikuolewa na mtu, nimeolewa na kesho." Mimi nilicheka. Yeye hakucheka.

Kisha mama akaanguka bafuni, nyonga ikavunjika na haikuunga vizuri, akawa mtu wa kiti cha magurudumu. Alilia siku mbili tatu, basi. Kichochoro si kilikuwepo? Kila asubuhi nilimsukuma mpaka dukani, nikamkabidhi kopo lake la vifungo na sindano, na yeye akawa anashona vifungo huku akiwasimanga wateja. "Wewe, gauni ndilo limekubana au wewe ndiye umelibana?" Watu walikuwa wanakuja kumsikiliza yeye. Mshono wangu ulikuwa kisingizio tu, na sikuona vibaya.

Mwaka uliofuata kiwanja cha jirani kikauzwa. Aliyekinunua anauza mabati na misumari, nasi tukamwita Bwana Mabati kabla hata hatujamjua vizuri. Jumapili moja asubuhi tukasikia kelele za kuchomelea vyuma. Kufungua mlango wa jikoni, loo! Geti jeusi, refu, limeziba kichochoro ukuta hadi ukuta, na kufuli la ukubwa wa ngumi.

Msomi alikuwa amekuja kutusalimia siku hiyo. Akaenda kulitazama, mikono nyuma, anatembea mbele ya geti kama analihoji.

"Msiongee naye hata neno moja," akasema. "Lolote mtakalolisema litatumika dhidi yenu."

"Mwanangu, si nimwombe tu anipishe?" mama akamuuliza.

Msomi akaruka kama ametukanwa. "Mama! Ukiomba, umeshakubali kwamba si haki yako!"

Jioni mlango wa jikoni ukagongwa. Mimi nilikuwa nakanda, mikono yote unga, kwa hiyo Msomi ndiye aliyekwenda. Akaufungua kidogo tu, akasema, "Mawasiliano yote yapitie kwa wakili wetu," akaufunga. Hata salamu hakumpa mtu wa watu. Akarudi amevimba, anapangusa miwani, akaniambia, "Umeona? Hivyo ndivyo inavyofanywa." Wakili mwenyewe hatukuwa naye. Alitutafutia kesho yake, rafiki yake wa siku nyingi, na barua ya kwanza kabisa aliyomwandikia Bwana Mabati ilimwita mvamizi.

Tukaenda mahakamani. Hakimu alikuwa kijana mpole, anasoma hukumu huku akitutupia jicho la huruma. "Kama alivyoeleza wakili msomi katika lile shauri maarufu," akaanza, na hapo hapo nikajua kinachofuata. "Kupita mahali si kupamiliki, hata ukipita miaka mia." Neno kwa neno! Tulishindwa na mdomo wa nyumbani kwetu wenyewe. Nilipofika nyumbani nikampigia Msomi simu, nikamweleza hakimu alivyosema. Unajua aliniuliza nini? Aliniuliza, "Alinukuu kwa usahihi?"

Nilimkatia simu.

Tukakata rufaa, na rufaa ikaangukia mahakama ya Msomi. Akaandika: nina maslahi katika shauri hili, naomba nitoke. Hapo sikumlaumu, nisimsingizie. Hata mimi fundi cherehani najua jaji hawezi kuamua kesi ya mama yake. Wenzake watatu wakaisikiliza, wakasema sheria hii kweli ni ngumu na inaumiza, ila mikono yao imefungwa, labda Bunge lione la kufanya. Mwisho wa rufaa.

Na mama je? Mama alikuwa anakaa mlango wa jikoni, anatazama geti. Nilileta fundi wa ujenzi atutengenezee njia ya magurudumu upande wa mbele. Akapima, akakuna kichwa, akasema njia hiyo itakwenda kuishia katikati ya barabara kubwa, magari yampitie mama juu. Msomi akamchukua kwake, nyumba ina vyumba mpaka unapotea. Wiki haikuisha akarudi. "Kule hata mbwa anabweka kwa miadi," akaniambia. Alitaka mlango wa duka, na kopo lake la vifungo, na watu wa kusimanga. Nikamletea vifungo jikoni, akashona viwili, akaniambia nivirudishe.

Kilichonikera kuliko vyote ni hiki. Bwana Mabati alikuwa anapita upande wake wa geti kila asubuhi, karibu kabisa, na kila akipita ananyanyua mkono kidogo, kama mtu mwenye neno. Na mama anageuza uso, kwa sababu ndivyo alivyoagizwa na jaji. Mwanamke aliyekuwa akisalimia hata kuku wa watu!

Basi Msomi akaacha ujaji. Akaja nyumbani na suti mpya, akachuchumaa mbele ya kiti cha mama, akamshika mikono. "Mama, mahakama kazi yake kutafsiri sheria. Wanaozitunga wako Bungeni. Nikiingia mimi, ya kwanza ni ya kichochoro." Alisema vizuri sana. Kusema, ndugu yangu hajawahi kushindwa. Mama akaamini, na mimi nikaamini, tena nikashona fulana za kampeni mpaka vidole vikaota sugu.

Siku ya kura wanaume wanne walimbeba mama na kiti chake kwenye zile ngazi. Mmoja akateleza, kiti kikainama, kiatu cha mama kikaenda kikibingirika hadi barabarani. Mama akapiga kelele ambayo sijawahi kuisikia kwake, kisha akanyamaza njia nzima. Akapiga kura. Tuliporudi, Bwana Mabati akatoka mbio dukani kwake, mikono mbele, anataka kusaidia kunyanyua. Lakini Msomi alishatuonya: jambo hili sasa ni la kitaifa, tusiliharibu kwa maneno ya uchochoroni. Mama akafumba macho. Nikamwambia Bwana Mabati tunajiweza, na wale wanne wakampandisha peke yao, wakihema.

Msomi akapita kwa kura nyingi. Na mswada akauleta kweli, jamani, nisiseme uongo. Ulisomwa, ukasifiwa, ukapelekwa kwenye kamati ya sheria, na mwenyekiti wa kamati hiyo ni nani? Yeye! Nilimwambia mama aanze kutafuta miwani yake ya kushonea. Akaitafuta. Akaivaa na kukaa nayo siku nzima, hana cha kushona.

Jumamosi asubuhi Msomi akaingia kwa mlango wa mbele, anahema kwa sababu ya ngazi, gazeti kwapani, uso unang'aa. Mama alikuwa pale pale mlango wa jikoni. Msomi akalikunjua gazeti juu ya meza. Picha yake, kubwa, na juu yake maandishi: Mbunge Mwadilifu.

"Nikusomee, mama?" akasema, na hakungoja jibu. "'Kabla ya kura kupigwa, mwenyekiti alisimama na kusema: Nina maslahi katika jambo hili, naomba nitoke. Kisha akatoka ukumbini.'"

"Ukatoka," nikasema.

"Nikatoka."

"Ukaenda wapi?"

"Kwenye korido. Kulikuwa na chai."

"Na kura?"

Akalikunja gazeti. "Zililingana. Na zikilingana, mswada umeanguka. Lakini utaratibu ulifuatwa."

Damu ikanipanda kichwani. "Msomi, wabunge wangapi mle ndani wana mama?"

"Hilo si swali la—"

"Nchi nzima ina vichochoro! Nchi nzima ina watu wa viti vya magurudumu! Wewe ndiye peke yako mwenye mama? Kura yako moja tu, moja, na wewe uko koridoni unakunywa chai!"

"Mdogo wangu, huelewi. Si suala la kuwa safi tu. Ni suala la kuonekana safi."

"Kuonekana na nani? Mama haonekani na mtu yeyote!"

Nilikuwa nimeshika mwiko na sijui niliushika saa ngapi. Mama akainua mkono, nikanyamaza. Hakuwa amekasirika. Alikuwa na uso ule wa kutafuta tundu la sindano.

"Mwanangu," akamwambia Msomi, "kesi yetu sasa iko mahakama gani?"

"Iliisha, mama. Kwenye rufaa."

"Na mswada?"

"Ndiyo huo, umeanguka."

"Utarudi lini?"

"Pengine Bunge lijalo. Baada ya uchaguzi mwingine."

"Kwa hiyo leo hatuna kitu mahakamani, hatuna kitu Bungeni, hatuna kitu popote."

"Leo..." Msomi akafikiri. "Leo hapana."

"Basi ninaweza kumsalimia jirani yangu?"

Msomi akavua miwani. Nilimwona anatafuta, macho yanatembea juu ya dari kama vile kuna vitabu huko. Akatafuta weee. "Kisheria," akasema mwishowe, "hakuna kinachozuia."

"Nisukume," mama akaniambia.

Nikamsukuma mpaka kwenye geti, magoti yakigusa chuma. Msomi akatufuata nyuma. Upande wa pili nyundo ilikuwa inalia juu ya mabati. Mama akagonga geti kwa kifundo cha kidole. "Hodi, jirani!"

Nyundo ikanyamaza. Bwana Mabati akaja anajifuta mikono kwenye suruali. Akamwangalia mama, akaniangalia mimi, akamwangalia Msomi kama mtu anayengoja kukabidhiwa hati ya kuitwa shaurini.

"Shikamoo, mama," akasema.

"Marahaba, baba. Watoto hawajambo?"

"Hawajambo."

"Naomba unipishe nipite."

Basi. Hakusema zaidi ya hapo. Bwana Mabati aligeuka akaenda zake, na mimi nikajua ndiyo yamekwisha, tumejidhalilisha bure. Nikaanza kukigeuza kiti. Mama akashika gurudumu, akakataa.

Bwana Mabati akarudi ameshika ufunguo wenye uzi mwekundu, uzi wenyewe umepauka, ufunguo una vumbi. Akaupuliza.

"Mama, mabati yangu yalikuwa yanaibiwa kwa kupitia hapa," akasema. "Nikaweka geti, nikachongesha funguo mbili, mmoja wangu, mmoja wenu. Jioni ile ile nikaja kuwaletea. Huyu mheshimiwa akaniambia mawasiliano yapitie kwa wakili. Sikuwa hata na wakili! Kesho yake napata barua naitwa mvamizi. Nikamtafuta wakili na mimi, akaniambia nikiutoa huu ufunguo, nimekiri kosa. Nikautundika msumarini. Kila nikifungua duka nauona."

Nikageuka kumtazama Msomi. Nilikumbuka ule mkono ulionyanyuliwa kidogo kila asubuhi. Nilitaka kulia, na nilitaka kumpiga na lile gazeti lake, na sikujua nianze na lipi.

"Nilikuwa nalinda haki zenu," akasema Msomi, kwa sauti ambayo haikuamsha mtu.

Mama akapitisha mkono katikati ya nondo za geti, kiganja juu. Bwana Mabati akaunyoosha wake.

"Mama, usipokee kwanza!" Msomi akarukia mbele. "Ukipokea hivi hivi, kisheria hiyo ni ruhusa tu, si haki. Anaweza kuiondoa wakati wowote. Na wewe bwana, kwa faida yako mwenyewe, tuandikiane kwanza, mashahidi wawili, kila upande na wakili wake..."

Mkono wa Bwana Mabati ukasita. Kisha ukarudi nyuma, na ufunguo ndani yake. Mkono wa mama ukabaki pale kwenye nondo, mtupu. Jamani.

Mama hakugeuka. "Mwanangu," akasema.

"Naam, mama."

"Jambo hili, wewe una maslahi nalo."

Msomi akalisogeza gazeti kwapani.

"Toka," mama akamwambia.

Na akatoka. Mahakamani nilishawaona mawakili wakiinama kidogo kabla ya kuondoka mbele ya jaji; naapa kaka yangu aliinama hivyo hivyo, kisha akapita jikoni, akapita sebuleni, nikasikia mlango wa mbele ukifungwa. Bwana Mabati akautia ufunguo kiganjani mwa mama. Kufuli lilikuwa zito, mama akahangaika nalo mwenyewe na akakataa kusaidiwa, mpaka likaachia. Bwana Mabati akavuta upande wake, nami nikasukuma upande wangu.

Kichochoro kilikuwa kimeota majani. Mama alikuwa anashusha mkono na kuyagusa huku tunapita. Dukani nikamweka mahali pake mlangoni, nikampa kopo lake. Mpita njia wa kwanza alikuwa mwanamke aliyebeba ndoo, akasimama, akasema, "Eeh, mama, umetoka wapi wewe?" Mama akamwambia kanga aliyojifunga imekaa upande, na kwamba amekuwa akikaa ndani kusubiri sheria.

Msomi alitokea upande wa barabara kubwa. Alikuwa ameteremka zile ngazi na kuzunguka kwa miguu, viatu vina vumbi, gazeti bado kwapani. Akasimama nje ya duka, hajui aingie au asiingie.

"Mama," akaanza, "bado nasema, kisheria..."

Mama alikuwa anatunga uzi. Alimtazama kifuani, si usoni. "Kifungo chako kimelegea," akasema. "Vua koti."

Msomi akavua.